Kaseti za Zamani Kwenye Gemu Mpya: Maswali Yenu na Majibu

SWALI: Kaka mambo vipi, mi niko hapa Uyole, Mbeya. Mjomba karudi toka Dar na begi la mtumba, ndani kuna Nintendo DS Lite moja na kaseti za kutosha zimechanganyika, kuna zile nene za kijivu za Game Boy, kuna fupi za Game Boy Advance na kuna vikadi vidogo vya DS. Vikadi vinacheza, fupi zinacheza, ila nene hazingii kabisa. Sasa kuna jamaa Mwanjelwa anasema nimpe hiyo DS niongeze hela kidogo anipe 3DS, eti ni ya kisasa zaidi kwahiyo inacheza zote. Nikubali?

JIBU: Poa mdogo wangu. Usikubali aisee, utaongeza hela halafu urudi nyumbani na mashine inayocheza kaseti chache kuliko hiyo uliyonayo. 3DS itakubali vikadi vya DS tu, fupi na nene zote zitakosa pa kuingia.

Wauzaji wengi wanadhani kila toleo jipya linabeba yote ya nyuma yake, wala sio hivyo. Kwa hizi Nintendo za enzi hizo, mashine ilikuwa inacheza gemu ya zamani kwa sababu waliiachia humo ndani prosesa (ubongo wa mashine) inayoijua hiyo gemu. Game Boy ilitoka 1989, Game Boy Color ikaja 1998, Advance ikaja 2001, na hiyo Advance ndani ina prosesa mbili, ya kwake na ile ya ukoo wa Game Boy. Siku ukiipata mulika tochi ya simu kwenye tundu la kaseti, pembeni kuna kiswichi kidogo, kaseti nene ikizama inakibonyeza na mashine inajua leo kaja mzee, inahamia prosesa ya zamani na inatoa volti 5. Kaseti ya Advance imekatwa kwenye pembe zake kwahiyo haikigusi, yenyewe inapewa volti 3.3.

DS ilipokuja 2004 walibakiza prosesa ya Advance wakaitoa ile ya Game Boy, ndo maana yako inameza fupi na kukataa nene, na hata ungelichonga tundu kwa kisu hadi nene iingie isingecheza kitu (msicheke, wapo waliojaribu). Halafu DSi ya 2008 wakaliziba kabisa tundu la Advance, na 3DS ya 2011 ikafuata njia hiyohiyo. Zamani kwenye 3DS ungeweza kununua baadhi ya gemu za Game Boy kwenye duka lao la intaneti, ila tangu Machi 2023 duka haliuzi tena, kwahiyo jamaa asikupe hiyo stori.

We tafuta Game Boy Advance SP ya 2003, ile ya kukunja, inacheza nene na fupi. Kabla hujatoa hela igeuze usome stika ya nyuma, AGS-101 ndo yenye skrini nzuri, AGS-001 mwanga wake hafifu. Stika zinabandikwa upya siku hizi, kwahiyo iwashe ubonyeze kitufe cha taa, kama taa inazima kabisa hiyo ni 001, kama inapungua tu ni 101. Ila haina tundu la earphone za kawaida, sijui walifikiria nini. Game Boy Micro ya 2005 ukiletewa iache, ni nzuri kwa macho lakini inacheza fupi peke yake.

Na DS Lite baki nayo. Kaseti ya Advance ikichungulia nje kidogo usiisukume, ndo ilivyo.

SWALI: Nipo Iringa mjini, nina PSP, ile gemu ya mkononi ya Sony, na CD zake, rafiki ananiuzia PS Vita iliyokuja baada yake. CD zangu zitaingia?

JIBU: Haziingii. Vita haina kabisa sehemu ya CD, gemu za PSP inazocheza ni zile za kupakua dukani kwa Sony. Hata PSP Go ya 2009 ilikuwa hivyohivyo. Tunza PSP yako, na ukiona mfuniko wa betri umeanza kugoma kufunga ujue betri imevimba, itoe leo sio kesho.

SWALI: Habari za kazi. Mi ni mama, niko Njombe. Mwanangu ana Nintendo Switch na kaseti zake, baba yake anataka kumletea Switch 2. Za zamani zitatumika au ndo tunaanza upya? Na huku bando ni shida.

JIBU: Nzuri mama. Zitatumika, sio zote mia kwa mia lakini nyingi sana. Switch 2 imetoka Juni 5, 2025 na tundu lake linapokea kaseti za Switch ya kwanza, ila za Switch 2 haziwezi kurudi kwenye ile ya zamani, kwahiyo wadogo zake wakirithi ya zamani wasiguse kaseti mpya. Pedi za zamani hazijishiki ubavuni kwenye mashine mpya, zinaunganika bila waya tu, na msizitupe maana zipo gemu zinazozihitaji. Memori kadi ya kawaida haitabeba gemu humo, inataka microSD Express, na bei yake mwambie baba mtoto ajipange.

Kuhusu bando, hapo mkae macho. Baadhi ya kaseti za Switch 2 ndani hazina gemu, zina funguo tu, ukichomeka inakulazimisha kupakua gemu nzima, na ukishapakua bado kaseti lazima iwe imechomekwa ndo ucheze. Kwenye boksi kwa mbele imeandikwa, asome kabla hajalipa.

SWALI: Niko Makambako, kaseti yangu ya Game Boy ya Pokémon Gold nikisevu nikizima inafutika. Imekufa?

JIBU: Kaseti nzima, betri ndo imekata. Ndani kuna betri ya kidonge, CR2025, inayotunza sevu na kuendesha saa ya gemu hata ukiwa umezima, na hiyo saa ndo inaimaliza mapema. Screw yake haifunguki kwa bisibisi ya kawaida, inataka ile maalum ya milimita 3.8 (gamebit). Fundi simu mzuri anaweza, ila mwambie atafute betri inayokuja na vibati vyake vya kuchomelea, asiweke pasi ya kuchomelea (soldering) juu ya kidonge chenyewe, kinaweza kulipuka. Na kama una kaseti nyingine ambayo bado inatunza sevu, ukitoa betri sevu inaondoka nayo, kwahiyo hiyo gemu imalize kwanza.