Maswali ya Wasomaji: Tabaka na Hesabu ya Unyonyaji

SWALI: Mimi ni fundi mitambo kiwandani, na mshahara wangu unazidi kipato cha jirani yangu mwenye karakana ya kuchomelea na vijana wawili aliowaajiri. Kwa nadharia ya Marx, nani hapa ni bepari? (Msomaji, Morogoro)

JIBU: Wewe ni mfanyakazi, hata mshahara ukiwa mnono. Tabaka halipimwi kwa ukubwa wa kipato. Linapimwa kwa kuuliza nani anamiliki njia za uzalishaji (mitambo, ardhi, majengo), nani anauza nguvukazi yake ili aishi, na ziada, yaani thamani anayozalisha mfanyakazi juu ya mshahara wake, inaishia mikononi mwa nani. Siku ukiachishwa kazi, mitambo unayoijua kama kiganja chako inabaki kwa mwenyewe.

Jirani yako yuko katikati, na Marx alimpigia hesabu mtu kama yeye. Tuseme kila kijana anafanya kazi saa 12: saa 8 zinarudisha mshahara wake, saa 4 ni za mwajiri. Vijana wawili wanampa saa 8 za ziada, yaani riziki ya mfanyakazi mmoja tu. Akitaka kuishi maradufu ya mfanyakazi, na nusu ya ziada airudishe kwenye mtaji, anahitaji watu 8. Kabla ya hapo lazima ashike mashine mwenyewe, na ndiyo maana anaitwa bwanyenye mdogo: nusu mwajiri, nusu mfanyakazi.

SWALI: Kila nikikokotoa kiwango cha thamani ya ziada napata asilimia ndogo mno kuliko wenzangu. Nakosea wapi? (Mwanafunzi, Dar es Salaam)

JIBU: Bila shaka unaigawanya ziada kwa mtaji wote badala ya mishahara pekee. Hili ndilo kosa linalowaangusha wengi, na si kosa dogo, kwa sababu linauficha unyonyaji wenyewe. Tutumie mfano wa Marx, katika sura ya 9 ya juzuu ya kwanza ya Das Kapital. Takwimu ni za Aprili 1871, alizopewa na mwenye kiwanda cha kusokota nyuzi wa Manchester.

Anza na vitu. Kwa wiki moja kiwanda kinatumia pamba ya pauni 342. Mitambo yote ina thamani ya pauni 10,000 na inachakaa kwa asilimia 10 kwa mwaka, yaani pauni 1,000. Kwa wiki 50 za kazi, uchakavu ni pauni 20 kila wiki. Kodi ya jengo ni 6, na makaa, gesi na mafuta ni 10. Jumla 378. Huu ni mtaji usiobadilika: thamani yake inahamia kwenye nyuzi kama ilivyo, haizai kitu.

Mishahara ya wiki ni pauni 52, nao ndio mtaji unaobadilika. Nyuzi zinauzwa kwa pauni 510. Toa 378, zinabaki 132, thamani mpya iliyotokana na kazi ya wiki hiyo. Toa mishahara 52, inabaki ziada ya pauni 80.

Sasa gawanya 80 kwa 52. Unapata takriban asilimia 154, kiwango cha thamani ya ziada. Ukigawanya kwa gharama zote za wiki, yaani 430, unapata asilimia 18.6 tu, na hiyo ni aina ya kiwango cha faida. Mwenye kiwanda atakuonyesha hii ya pili. Ukitaka kuona maana ya ile ya kwanza, igeuze kuwa saa: katika siku ya saa 10, mfanyakazi anarudisha mshahara wake kwa saa 3 na dakika 56, kisha anafanya kazi saa 6 na dakika 4 bila malipo.

Angalia pia mambo mawili. Ukiingiza bei nzima ya mitambo badala ya uchakavu wa wiki, ziada inatoweka kabisa kwenye karatasi. Na kodi ya jengo Marx ameiweka hapa upande wa gharama ili hesabu iwe nyepesi. Katika juzuu ya tatu anaeleza kwamba kodi ya ardhi hutoka kwenye ziada yenyewe.

SWALI: Dereva wa bodaboda ana bosi au hana? (Msomaji, Mwanza)

JIBU: Inategemea pikipiki ni ya nani. Mwenye chombo chake ni mzalishaji mdogo anayejitegemea. Anayepeleka hesabu ya kila siku, yaani kiasi maalumu kwa mwenye pikipiki, hapati mshahara, lakini ananyonywa: hesabu haipungui hata abiria wakikosekana, na mara nyingi mafuta ni juu yake. Anafanana zaidi na mkulima anayekodi shamba la kabaila kuliko na mtu wa kiwandani. Wa mkataba, anayelipa kidogo kidogo hadi pikipiki iwe yake, yuko njiani kati ya hao wawili, na akishindwa kumaliza malipo anaweza kupoteza pikipiki pamoja na alichokwishalipa.

SWALI: Nyerere alipinga nadharia ya mapambano ya matabaka. Je, Azimio la Arusha lilikuwa la Kimarx? (Mwalimu, Dodoma)

JIBU: Hapana. Mwaka 1962 Nyerere aliujenga ujamaa juu ya udugu wa familia pana, si juu ya mgongano wa matabaka. Hata hivyo Azimio la 1967 liliitaka dola ishike njia kuu za uchumi, na likawakataza viongozi kuwa na hisa, mishahara miwili au nyumba za kupangisha. Masharti hayo yanakubali kwamba kiongozi naye anaweza kuwa mnyonyaji.

Issa Shivji, aliyekuwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, alikwenda mbali zaidi. Alisema utaifishaji uliihamisha ziada tu, ikatoka kwa makampuni ya nje ikaenda chini ya mabwanyenye wa kirasimu, yaani wakubwa wa dola na mashirika yake. Tunaona hoja yake ina nguvu, kwa sababu wafanyakazi wenyewe waliigusa. Ibara ya 15 ya Mwongozo wa TANU wa 1971 ilipokataza kiongozi kuwa mwenye kiburi na mkandamizaji, waliitumia kugomea mameneja, na mwaka 1973 wale wa kiwanda cha mpira cha Mount Carmel walikitwaa kiwanda. Miiko ya viongozi ya Azimio la Arusha yenyewe ililegezwa na Azimio la Zanzibar mwaka 1991.