Kabla Hujamtia Chatu Wako Kwenye Ndoo

“Shikamoo mwalimu. Nina chatu, kama mita moja na nusu hivi, nimemlea tangu Machi. Kuna jamaa yuko Dar anamtaka. Hivi mabasi yanapokea? Ndoo ya lita 20 si inatosha?”

Ujumbe huo uliniingia Jumanne usiku kutoka kwa kijana wa Chimala. Nikausoma, nikaweka simu chini, nikaichukua tena. Mke wangu akauliza, “Kuna msiba?” Nikamwambia bado.

Namjibu hadharani kwa sababu nyie wote mnaopita hapa mna ugonjwa mmoja na mimi. Mnataka kufuga, mnataka siku moja muwe na bustani yenu ya nyoka, yenye kibao barabarani na wanafunzi wanaoshuka kwenye basi wakipiga kelele. Na kwa sababu mwezi uliopita nimesafirisha chatu wawili kutoka Mbeya hadi mkoa wa Pwani, wakafika wazima na kunywa maji usiku uleule, naona nimepata haki ya kusema. Haki hiyo ilinunuliwa ghali, na aliyelipa hakuwa mimi.

Aliitwa Kiranja. Wanafunzi wa kidato cha tatu ndio waliompa jina, kwa kuwa alikaa kimya akimwangalia kila mtu. Mwaka 2018 nilikuwa nafundisha baiolojia hapa Mbeya. Rafiki yangu anayelima mpunga Usangu akanipigia simu: vijana wamemzingira chatu mdogo kwenye jaruba, wana majembe, na mmoja kishakwenda kutafuta petroli. Nikapanda Hiace mpaka Igurusi, kisha bodaboda. Nikamkuta amejikunja chini ya gunia, kichwa amekificha katikati ya mwili. Nikarudi naye nyumbani kwenye begi la shangazi kaja, nimelipakata mapajani kama mtu anayetoka kununua mitumba.

Sikuwa na kibali. Naliandika hili bila kulizungusha. Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori ya mwaka 2009 haimtambui “nyoka wa mwalimu”. Inasema wanyamapori ni mali ya umma, Rais ndiye mdhamini wao. Na inaposema nyara haimaanishi pembe na ngozi tu. Mnyama aliye hai naye ni nyara. Nilijua, lakini nikajiambia kwamba mimi nimeokoa, sikuwinda. Kila anayefuga nyoka bila karatasi ana maneno hayo mfukoni. Redioni tunasikia fulani kafungwa miaka 20 kwa kukutwa na nyara za Serikali, tunadhani ni wale wa meno ya tembo. Kumbe kutoka sebuleni kwangu hadi Gereza la Ruanda ilikuwa nauli ya daladala tu.

Ila kilichonikimbiza hakikuwa sheria. Ni mtaa. Kwa miaka sita nilikuwa mwalimu; ndani ya wiki mbili nikawa mtu wa ndagu, wa utajiri wa kichawi. Nikinunua bati, nyoka kanitapikia pesa. Mtoto wa jirani akiugua, macho yote kwangu. Shemeji yangu akaacha kula kwetu, akija anakuja na chapati zake kwenye mkoba, mpaka leo hajaniomba radhi na wala simdai. Mwenye nyumba akaja na heshima zote: “Mwalimu, mimi na wewe hatuna tatizo. Tatizo langu ni mgeni wako.” Akanipa mwezi mmoja.

Kwa hiyo nikatafuta pa kumpeleka. Jamaa mmoja wa Dar akasema ana bustani. Sikumuuliza leseni. Alisema, “Tuma tu mwalimu,” nikatuma.

Jioni ya mwisho nilichukua ndoo ya rangi ya lita 20, nikaitoboa kwa msumari wa moto, kutoka nje kwenda ndani. Halafu nikafanya kosa la mtu aliyelelewa vizuri: nikamlisha. Safari ndefu, nikawaza, mgeni haondoki na njaa. Saa mbili usiku nikampa panya mkubwa. Nikakaa kwenye kigoda nikimtazama akimeza, taya la upande huu linasogea, kisha la upande ule, mpaka mkia wa panya ukabaki mdomoni kama uzi wa tambi, nao ukaenda. Nikalala nimeridhika.

Juu ya mfuniko nikaandika kwa maka: MBEGU YA VIAZI.

Ilikuwa Julai. Anayeijua stendi ya Nane Nane alfajiri ya Julai anajua ninachosema; watu wanaongea na moshi unatoka. Konda akainua ndoo kwa mkono mmoja. “Mwalimu, viazi gani vyepesi hivi?” Nikacheka, akacheka, ndoo ikaingia kwenye buti katikati ya magunia. Basi likapanda na Kiranja: Uyole, Igawa, Makambako ambako asubuhi ile vioo vilikuwa vimepata ukungu hadi juu, Mafinga, Iringa, kona za Kitonga. Huko chini Ruaha Mbuyuni abiria huvua makoti. Buti halina koti la kuvua. Limetoka kwenye jokofu limeingia kwenye tanuri, mlango umefungwa.

Saa tatu usiku simu ikaita. “Mwalimu, viazi vimeoza.”

Daktari wa mifugo niliyemweleza baadaye hakunihurumia, na namshukuru kwa hilo. Nyoka hana joto lake mwenyewe, analipata kutoka nje. Ukimlisha kisha ukamtia baridini, tumbo linasimama na panya anaozea humohumo. Akitikiswa, anatapika. Kwenye ndoo nyembamba hana pa kukwepa alichokitapika. Na pua yake ilikuwa imechanika, kwa sababu matundu yangu ya msumari yalikuwa yameacha meno ya plastiki kwa ndani, naye alitumia safari nzima kuyasukuma akitafuta njia.

Ndoo nilirudishiwa kwa basi lilelile. Mke wangu ameotesha mchicha ndani yake, anasema inachuja maji vizuri.

Miaka iliyofuata nitairuka. Nilihama mtaa, nikaacha kufundisha, nikaanza kusaidia kwenye bustani ndogo ya wanyamapori yenye leseni, kusafisha mabanda na kuelekeza wageni. Mnaotaka kuanza, anzieni kwa mwenye leseni. Hakuna utukufu kwenye kukwangua kinyesi cha chatu, ila mkono unajifunza.

Sasa, kijana wangu wa Chimala, najua ulikoipata hiyo ndoto ya kutuma. Ni zile video za Marekani. Mtu anamtia nyoka kwenye mfuko, mfuko kwenye boksi lililozungushiwa povu kwa ndani, anabandika kifurushi cha joto, anampa mjumbe, kesho yake saa nne nyoka yuko jimbo lingine. Wanachokiruka ni kwamba hata kule posta ya taifa lao haipokei nyoka wa aina yoyote. Wanatumia kampuni binafsi, kwa masharti, na majimbo yana sheria zake. Hata kile kifurushi kina siri yake: ndani ni unga wa chuma unaopata joto kwa kuvuta hewa. Ukikifungia kwenye boksi lisilo na tundu, kinagombania hewa na nyoka. Na nyoka wao mara nyingi amezaliwa kwenye kabati la mfugaji. Wako amezaliwa Usangu.

Kwa hiyo usianze na ndoo. Anza na karatasi. Safari hii ya mwezi uliopita boksi lilinichukua siku mbili. Karatasi zilinichukua wiki tano. Kuna ofisi moja, sitaitaja, niliyokwenda mara nne kwa ajili ya sahihi moja, na mara ya tatu nikaambiwa mwenye muhuri amekwenda na ufunguo wa droo. Nilikasirika. Lakini nilirudi. Nenda kwa afisa wanyamapori wa wilaya au TAWA, Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori. Ueleze ulivyompata, ukweli mtupu, kabla hujakamatwa naye, maana anayejileta na anayekutwa hawasikilizwi kwa sikio moja. Sikuahidi kwamba watakuachia. Pengine watamchukua, na hilo nalo ni jibu. Na mpokeaji lazima awe na leseni yake. Asipoionyesha, safari imekufa hapohapo. Akikwambia “tuma tu”, unajua nilikofika na hayo maneno.

Kuna waliokwishaniuliza kupeleka nje. Hapana. Serikali ilizuia kusafirisha wanyamapori hai nje ya nchi mwaka 2016. Juni 2022 ikatangazwa ruhusa ya miezi sita kwa wafanyabiashara waliobaki na wanyama, wizara ikaisitisha kabla watu hawajamaliza kushangilia. Chatu pia yuko kwenye orodha ya pili ya CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini, maana yake havuki mpaka bila kibali cha mkataba huo. Na yule aliyeniuliza bei ya nyoka mweusi na njano mwenye magamba kama pembe juu ya macho, nakujua. Watafiti walipomtangaza nyoka huyo wa nyanda zetu hizi mwaka 2011 waligoma kutaja msitu anakoishi, wakiwaogopa watu kama wewe. Mimi pia sitaji. Isitoshe ana sumu, na wenye sumu siwagusi, usiniulize tena.

Tuje kwenye boksi, halina mengi. Siku saba kabla ya safari hawakula kitu. Saba. Waliomba kwa macho, au mimi ndiye nilidhani wanaomba, na sikuwapa. Kila mmoja aliingia kwenye mfuko wake wa pamba, nilitumia foronya za mto nilizozigeuza ili nyuzi za mshono zikae nje zisimnase magamba. Mdomo wa mfuko unausokota, unaukunja, unaufunga, kisha unafunga tena, mbali na alipo nyoka. Mifuko ikaingia kwenye kasha la mbao lililotobolewa kutoka ndani kwenda nje. Sasa mnaelewa kwa nini. Bakuli la maji halikuwemo, maana maji yakimwagika wanasafiri wamelowa. Dukani kwa pembejeo Mwanjelwa nilinunua kipimajoto kile cha vifaranga, nikakining'iniza ndani mahali ninapoweza kukichungulia. Pembeni chupa ya maji ya uvuguvugu, nimeivika kanga mara mbili isimguse mtu. Juu na ubavuni niliandika: NYOKA HAI. CHATU. HAWANA SUMU. USIFUNGUE. Sikuandika viazi.

Hatukupanda basi. Tulikwenda na Noah ya bustani, kasha likiwa kiti cha kati. Tulisubiri jua litoke, tukaondoka saa tatu asubuhi ili Makambako tuipite mchana. Kipimajoto kilisoma 22 pale Makambako, nikabadilisha maji ya chupa kwa mama ntilie aliyeuliza yanamhusu nani nikamwambia mgonjwa. Tulipoteremka Kitonga nikaitoa chupa kabisa, nikafungua dirisha.

Usiku, baada ya kuvuka Mikumi, tukasimamishwa kwenye kizuizi. Afisa akasoma kibali kwa tochi, taratibu, kidole kikifuata mstari. Akasoma mpaka jina la kisayansi, Python natalensis, akaniuliza linatamkwaje. Kisha akasema, “Hapa imeandikwa wawili. Nionyeshe wawili.” Nikafungua kasha. Akamulika mifuko, mmoja ukajivuta polepole, wa pili ukabaki umetulia. “Huyu yuko hai?” Moyo wangu ulirudi 2018. Nikaweka kiganja juu ya kitambaa, nikasubiri. Chini ya pamba mwili ukasogea, mzito, kama mtoto anayegeuka usingizini. Afisa akarudisha karatasi zangu zote, zikiwa zimepangwa vilevile, akasema, “Mwalimu, safari njema.” Sijui nani alimwambia mimi ni mwalimu. Labda ni vidole vyenye wino.

Jamani, hebu tuache huu ujanja wa mfuniko. Tunalia kwamba watu wanawachukia nyoka, kwamba jamii haina elimu, halafu sisi tunaojiita wapenzi wao tunawasafirisha kama magendo na kuwaua kwa shibe. Yule kijana aliyekwenda kuleta petroli Usangu angemuua Kiranja kwa dakika tano. Mimi nilimuua kwa saa kumi na sita, nikimpenda. Unampenda? Subiri wiki tano. Huwezi kusubiri? Basi humpendi, unampenda yule utakayemtumia picha.

Kijana, namba ya afisa wanyamapori nimekutumia jana, naona tiki mbili za bluu. Hujajibu. Kesho ni siku ya kazi, ofisi inafunguliwa saa moja na nusu. Na usimpe chakula leo.