Kwa Supavaisa Mpya: Ukishawachanganya Watu, Kazi Ndiyo Inaanza

Umepewa koti jeupe na daftari la mahudhurio, na kuanzia Jumatatu una watu 40 wa kuwasimamia. Hongera. Huenda kwenye semina ya siku mbili ulionyeshwa picha ya watu wa kila aina wakicheka pamoja, ukaambiwa kampuni yenye mchanganyiko wa watu hupata faida zaidi. Mimi nimekaa miaka 14 katika mashamba ya maua ya Naivasha, sita nikifunga waridi na minane nikiwa supavaisa. Ninachotaka kukuambia ni kwamba kuchanganya watu peke yake hakuleti faida, na kunaweza hata kuipunguza. Faida huja kutokana na unavyopanga kazi, malipo na mawasiliano baada ya kuwachanganya, na mpango huo uko mikononi mwako wewe unayesimama pakihausi, jumba la kuchambua na kufunga maua, kuliko mikononi mwa mkurugenzi aliyeko Nairobi.

Kama unatoka idara nyingine, kazi yenyewe iko hivi. Waridi likitoka shambani huwekwa majini na kupozwa kwenye chumba cha baridi, kisha huletwa pakihausi. Pale mtu mmoja huchambua kwa urefu wa shina, sentimita 40, 50, 60, na kwa ukubwa wa tumba, halafu huwasogezea wafungaji. Mfungaji hupanga mashina 10 au 20, huyazungushia karatasi ngumu, hukata ncha zilingane, hutia mpira. Kwetu mfungaji alilipwa kwa fungu. Kwa hiyo unga wa watoto wake ulikuwa mikononi mwa mchambuzi. Akisogezewa maua mazuri kwa wakati, anafunga. Akicheleweshewa, anasimama mikono mitupu huku saa zinakwenda.

Mwaka wangu wa kwanza wa usimamizi nilikuwa na mfungaji mmoja, mama kutoka upande wa Busia, ambaye hesabu yake ilikuwa chini kila wiki. Nilimwita mara mbili nikamwambia aongeze kasi. Mara ya tatu alinitazama akasema, "Supavaisa, njoo usimame hapa nusu saa. Usiseme kitu." Nikasimama. Mchambuzi alikuwa katikati ya wafungaji wawili. Mkono wake wa kulia ulisogeza maua yaliyonyooka, yaliyokwisha kutolewa miiba. Wa kushoto, kwa mama yule, ulisogeza yaliyopinda na yenye majani, na hayo pia ni baada ya yule wa kulia kujaziwa. Mchambuzi na yule wa kulia lugha yao ya nyumbani ilikuwa moja. Hakuna aliyetukana, hakuna aliyepaza sauti. Mgeni angepita pale angesema hapa pana amani. Na mimi nilikuwa nimekwisha kumwandikia mama huyo barua ya onyo. Nilikwenda ofisini nikaomba itolewe kwenye faili lake, kisha nikamwomba radhi mbele ya meza nzima, kwa sababu nilimwonya mbele ya meza nzima.

Miaka kadhaa baadaye nilisoma utafiti wa mchumi Jonas Hjort, uliochapishwa mwaka 2014, nikahisi kama alikuwa amesimama nami siku ile. Alichunguza kiwanda kimoja cha maua hapa Kenya, kwenye timu za watu watatu: mgawaji mmoja na wafungaji wawili, Wakikuyu na Waluo wakichanganywa bila kuchaguana. Aliona kwamba mgawaji aliwapunguzia maua wafungaji wasio wa kabila lake, na pale mfungaji mmoja alipokuwa wa kwao na mwingine siye, maua yalihamia kwa wa kwao. Kilichonishtua zaidi ni kwamba mgawaji naye alilipwa kulingana na mafungu ya timu nzima. Yaani alikubali mshahara wake upungue, mradi yule mwingine asinufaike. Baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, nchi ilipowaka, ubaguzi huo mezani ukazidi sana. Na wewe unajua Naivasha ilikuwaje mwisho wa Januari 2008. Wenzetu waliokuwepo wanakumbuka majirani waliokimbilia kituo cha polisi na vitoto mgongoni, na viti vilivyobaki vitupu pakihausi msimu wa Valentine ukiwa mlangoni.

Kiwanda kile hakikuwatenganisha watu. Kilibadilisha malipo: wafungaji wawili wakaanza kulipwa kwa jumla ya mafungu yao wote wawili. Kumpendelea mmoja hakukuwa na maana tena, maana fedha zinagawanywa sawa. Timu zenye wafungaji wa makabila mawili zikapanda, na uzalishaji wa kiwanda kwa jumla ukapanda. Kwenye timu nyingine ulishuka kidogo, kwa sababu mtu akijua kazi ya mwenzake inambeba, huenda akalegea. Gharama hiyo ipo, usiifiche unapopeleka pendekezo kama hili kwa meneja. Lakini lishike hili: mioyo ya watu haikubadilika kwa wiki moja. Kilichobadilika ni hesabu ya mshahara, na maua yakaanza kwenda yanakostahili.

Sisi hatukuwa na mamlaka ya kubadilisha malipo, hilo lilikuwa la kampuni na chama cha wafanyakazi. Tulichoweza ni kuzungusha wachambuzi kila wiki, ili asiwepo anayekalia ugawaji mwezi mzima, na kuwapa wafungaji ndoo zilizohesabiwa badala ya kusogezewa kwa mkono. Ndoo ya kwanza kushoto, ya pili kulia, ya tatu kushoto. Ni jambo dogo mno, lakini manung'uniko yalipungua, na hesabu ya mama yule wa Busia ikalingana na ya wenzake kabla mwezi haujaisha. Kasi yake haikuwa na tatizo hata siku moja.

Kabla ya hapo nilikuwa nimejaribu njia rahisi, na najua nawe utashawishika kuijaribu. Niliwaacha watu wachague wa kukaa nao. Meza zikajipanga zenyewe kwa lugha, kelele zikaisha, na wiki mbili za kwanza uzalishaji ukaongezeka kweli. Nikaandika ripoti ya kujisifu. Kisha ukafika Machi, wiki ya kabla ya Siku ya Mama ya Uingereza, wakati oda zinamiminika na ndege ya usiku haimsubiri mtu. Asubuhi moja meza ya tatu ilikuwa na watu wawili. Wanne walikuwa na msiba mmoja, wote ndugu wa marehemu kwa upande huu au ule, kwa kuwa walikuwa wameletana kazini kutoka lokesheni moja. Siku tatu meza ile ilikuwa mfu, na sehemu ya oda haikuondoka. Huwezi kumlaumu mtu kwa kwenda kuzika. Wa kulaumiwa ni mimi niliyewapanga wanne wale meza moja.

Na kuna hasara nyingine isiyoonekana kwenye daftari. Mwanamke mmoja aliyetoka kufanya kazi shamba la Thika alijua namna ya kutoa miiba kwa glavu bila kuchubua shina. Shina lililochubuka ni mlango wa magonjwa, na ua linaweza kuharibika njiani likarudi kwetu kama malalamiko na makato. Alikuwa nasi miezi minne, akifanya hivyo kila siku, na ujuzi huo haukuvuka meza yake. Nilipowachanganya upya, ulienea pakihausi nzima katika wiki moja. Semina zinapozungumzia tofauti za watu huwa zinataja kabila na jinsia, lakini tofauti ya mahali mtu alipofanya kazi kabla ya kuja kwako nayo ni mali. Muulize kila mgeni: kule ulikotoka mlikuwa mnafanyaje?

Kuhusu lugha, usitangaze faini. Nimeona mahali msimamizi alitoza watu fedha kwa kuongea lugha ya mama, akavuna chuki tupu. Sheria yetu ilikuwa nyepesi: jambo linalohusu kazi, likisemwa mezani, lisemwe kwa Kiswahili ili kila aliyepo alisikie. Wakati wa chakula, kila mtu na lugha yake. Na sheria hiyo ikufunge wewe kwanza. Siku utakapomwita mtu wa kwenu pembeni mkanong'ona kwa lugha ya kwenu, hata kama mnaongelea mvua, watu 39 watajiuliza wamenyimwa nini.

Aliyenifundisha mawasiliano kuliko wote ni kijana kiziwi aliyeletwa kwetu kama mchambuzi. Nakiri nilikuwa na wasiwasi. Karatasi za oda zilikuwa za Kiingereza, maelekezo nilikuwa nayapaza kwa sauti juu ya mngurumo wa mashine, naye hakusikia hata moja. Ikabidi kila asubuhi nitundike fungu la mfano juu ya meza: urefu ndio huu, tumba limefunguka hivi, mpira unakaa hapa. Tukakubaliana pia ishara za mkono: 40, 50, 60, simama, ndoo imejaa, rudia. Baada ya wiki chache nikaona watu wanaosikia vizuri kabisa wanatumia ishara zile wao kwa wao, kwa sababu hata wao mashine ilikuwa inawameza. Akina mama ambao Kiingereza cha oda kiliwapita, na waliokuwa wanaona aibu kuuliza, wakaacha kubahatisha. Mafungu yaliyorudishwa kufungwa upya yakapungua mbele ya macho yangu. Kumbe miaka yote hiyo maelekezo yalikuwa hayawafikii nusu ya watu wangu, nami nilidhani ni uzembe.

Suala la wanawake litakuhitaji ujasiri. Pakihausi nyingi zimejaa wanawake, lakini makoti ya usimamizi yamevaliwa na wanaume. Kwangu, malalamiko ya kushikwashikwa na ya kuombwa "zawadi" ili mtu apewe zamu nzuri hayakuwahi kunifikia hata moja, nami nikajidanganya kuwa hayapo. Alipopandishwa dada mmoja kuwa supavaisa wa mstari wa pili, mwezi wa kwanza alipokea matatu. Kupitia yeye ndipo nilipojua pia kwa nini wazoefu walikuwa wanaacha kazi: wakirudi kutoka likizo ya uzazi ya miezi mitatu, walikuwa wanapangiwa zamu ya saa kumi na moja alfajiri na hakuna wa kumwachia mtoto. Kumfundisha mfungaji mpya afikie kasi ya mzoefu huchukua majuma, na majuma hayo yote unalipia. Tulisogeza saa ya kuanza kwa wenye watoto wachanga, na wakabaki.

Ukishirikishwa katika kuajiri, linda lango. Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa ya mwaka 2008 inazitaka taasisi za umma zisiwe na zaidi ya theluthi moja ya wafanyakazi kutoka jamii moja. Kampuni binafsi hazikuwekewa kiwango hicho, ila Sheria ya Ajira ya 2007 inamkataza kila mwajiri kubagua. Hapa kwetu jina la pili likitajwa tu, msikilizaji amekwisha kukupeleka kijijini kwenu. Kwa hiyo tulianza na mikono kabla ya majina: ndoo moja, maua 20, dakika kumi, na namba iliyobandikwa kifuani. Anayesahihisha hajui nani ni nani. Utapigiwa simu na shangazi. Mjibu kwa heshima: "Shangazi, mlete Jumanne asubuhi, atafanya jaribio kama wenzake." Wengine wa kwetu walipita jaribio lile kwa haki, na hakuna aliyewanyooshea kidole.

Siku moja utaombwa utetee haya yote mbele ya wakubwa, na mtu atakupa takwimu za McKinsey, kampuni ya ushauri wa biashara. Ripoti yao ya 2015 ilisema kampuni zilizo katika robo ya juu kwa mchanganyiko wa asili za viongozi zina uwezekano wa asilimia 35 zaidi wa kupata faida iliyo juu ya kiwango cha kati cha sekta yao. Zitumie kwa tahadhari. Ripoti ile iliwahusu viongozi wa juu, si mafundi wa mezani, na kwamba mambo mawili yanakwenda pamoja si ushahidi kwamba moja limezaa lingine; huenda kampuni yenye faida ndiyo inayomudu kuajiri kwa upana. Mwaka 2024 watafiti Jeremiah Green na John Hand walijaribu kupata matokeo kama hayo kwa kampuni za S&P 500, orodha ya kampuni kubwa za Marekani, hawakuyapata. Peleka hesabu zako mwenyewe: mafungu kwa saa, yaliyorudishwa, walioacha kazi, siku ambazo meza ilikosa watu. Hizo hakuna atakayezipinga.

Uchaguzi mkuu ni Agosti 2027. Usingoje Julai ndipo uanze kuchanganya meza na kuzungusha wachambuzi, maana wakati huo kila utakachogusa kitasomwa kisiasa. Anza Jumatatu hii. Chukua kiti, kaa mwisho wa meza ambayo hesabu yake ni ya chini kuliko zote, nusu saa, bila kusema kitu, na utazame mikono ya anayegawa.