Sanduku la Wasomaji: Picha ya Tom Stall imetugawa

Toleo lililopita niliandika mistari kama sita tu kuhusu A History of Violence, ile picha ya 2005 ya direkta Mkanada David Cronenberg, nikasema ni kati ya picha chache za bunduki ambazo nikimaliza kuangalia nakosa usingizi, basi hiyo mistari sita imeniletea barua nyingi kuliko chochote nilichoandika mwaka huu na nusu yake ni za kunishangaa. Kwa ambao hawajaiona: Tom Stall (kacheza Viggo Mortensen) ana mgahawa kwenye kamji kadogo Indiana, mke wake Edie ni mwanasheria, wana kijana wao Jack na binti mdogo Sarah. Usiku mmoja wanaingia majambazi wawili mgahawani, Tom anawaua wote kufumba na kufumbua, tivii zinamtangaza shujaa, halafu linakuja gari jeusi lina wababe kutoka Philadelphia na wanamwita Joey. Kuanzia hapa naongea kila kitu mpaka mwisho, kwa hiyo kama bado hujaiona fungua ukurasa mwingine kwanza.

Kaka, heshima yako. Tuliiangalia watu saba geto, pale mgahawani tulipiga makofi mpaka jirani akagonga ukuta, ila mwisho jamaa anarudi nyumbani anakaa mezani, kimya, imeisha! Watano tukasema tumeibiwa muda wetu. Wawili wakasema ndo picha kali kuliko zote walizoona. Steringi kaua maadui wote, mbona hakuna raha? Nani yuko sahihi?
*Msomaji, Morogoro*

Mdogo wangu, nawaelewa nyie watano vizuri sana. Wote tumekulia kwenye "steringi hafi", na huyu Viggo ndo alikuwa ametoka kucheza mfalme Aragorn kwenye Lord of the Rings, kwa hiyo mtu ukimwona kashika bunduki unajua kabisa unataka nini. Ila hebu rudisheni pale mgahawani muangalie tena taratibu. Tom anambamiza yule mkubwa wao birika la kahawa usoni, anachukua bunduki, anampiga mwenzake, yule wa kwanza akiwa chini anamchoma Tom kisu cha mguu, Tom anamfyatulia ya kichwa. Hapo ndo makofi. Sasa picha zingine hapo wangekata wakatuonyesha steringi anahema, Cronenberg yeye anashusha kamera sakafuni anakuonyesha uso wa yule mtu, taya imefumuka, bado anakoroma. Ni sekunde tu, wengine hata hawakumbuki kama waliiona, lakini raha imeharibikia hapo hapo na haijarudi tena mpaka mwisho, na imeharibiwa kwa makusudi. Picha nzima ni dakika 96, na ukichukua ngumi na risasi zote ukaziweka pamoja ni dakika chache mno, muda wote uliobaki tuko ndani ya nyumba ya watu tunaangalia wanavyotazamana.

Kuhusu huo mwisho ngoja niwaambie kitu. Mimi mara ya kwanza niliiona kibanda umiza, imetafsiriwa, na dijei alipofika pale mezani akaona hakuna anayeongea akajaza maneno yake, mke anasema karibu mume wangu yameisha, watoto wanasema baba tulikumisi. Nikatoka pale nimeridhika kabisa na nikawa nawahadithia watu hivo hivo. Miaka imepita, naipata yenyewe bila tafsiri, nasubiri hayo maneno hayaji. Tom, ambaye kumbe kweli ndo Joey muuaji wa zamani, ametoka Philadelphia kumuua Richie kaka yake wa damu, ameoga damu ziwani asubuhi, ameendesha mpaka nyumbani, anasimama mlangoni wenzake wanakula. Hakuna anayesema kitu. Binti mdogo anainuka anakwenda kuchukua sahani, uma na kisu, anamwekea baba. Kijana anamsogezea sahani ya nyama. Mke kainamisha kichwa, halafu anakiinua anamtazama mumewe, na mume anamtazama, na giza. Nilikaa pale sijui dakika ngapi. Yani picha niliyokuwa naisifia miaka yote haikuwa hii, ilikuwa ya dijei.

Kwa hiyo mkiniuliza mimi, wale wawili. Lakini wale watano hawajakosea walichohisi, walichohisi ndo chenyewe, wamekosea tu kudhani ni kasoro.

Assalaam aleikum kaka yangu. Mimi nilizima pale kwenye ngazi, sikuweza. Mume wangu yuasema nimejinyima picha nzuri na kwamba mwisho wake ni mzuri. Yaani mtu akikataa kutizama mambo kama yale ndio hajui picha?
*Mama wawili, Mombasa*

Waaleikum salaam dada. Hukukosea kuzima na asikwambie mtu. Pale ni pagumu, na mimi mwenyewe nimebadilisha mawazo mara mbili kuhusu pale. Kwa wasiokumbuka: Edie ameshajua mumewe ni nani, afande wa pale mjini amekuja kuuliza maswali na yeye amemkingia kifua mumewe kwa machozi, afande akishatoka wanagombana, anampiga kibao, Tom anamkamata kwa nguvu pale ngazini na yanayofuata yanaanza kama ubakaji halafu yanageuka kitu ambacho watu wanabishana mpaka leo ni kitu gani.

Wapo wanaosema direkta anataka kutuambia kwamba mwanamke ndani yake anapenda mwanaume katili. Zamani nilidhani labda ni kweli ndo anachosema na nikamchukia. Sasa sikubali tena, na sababu yangu ni kinachofuata, manake wakimaliza Edie anamsukuma Tom, anapanda juu hata hageuki nyuma, na baadae tunaonyeshwa mgongo wake una michubuko ya zile ngazi. Mtu aliyetaka kusifia kitu haonyeshi michubuko. Pia kumbuka kuna sini nyingine ya mume na mke mwanzoni kabisa, wanacheka wanataniana kama watu waliozoeana miaka, ndo maana hii ya pili inauma, ni mwili ule ule lakini mtu humjui. Lakini hayo ni maelezo yangu mimi niliyekaa nikaangalia, na maelezo hayamlazimishi mtu yeyote kuvumilia. Mwambie shemeji nimesema hivo.

Kaka, huku Muscat tumebishana sana. Jamaa yangu anaapa kwamba kuna toleo ambalo Tom anampiga risasi yule mzee mwenye jicho bovu mle mle mgahawani, mimi nasema hakuna. Na ni kweli Wamarekani walikatiwa?
*Msomaji, Muscat*

Mko sawa wote. Hiyo sini ipo, wenyewe wanaiita Scene 44, ni ndoto ya Tom, anamlipua Fogarty (ndo huyo mzee wa jicho bovu, mkubwa wa wale wababe wa Philadelphia, kacheza Ed Harris) kifua kikabaki shimo na bado Fogarty anaongea, lakini Cronenberg aliitoa na ikaja kuwekwa kwenye nyongeza za DVD. Mimi nashukuru aliitoa, picha ingekuwa imetwambia ukweli mapema mno. Na toleo la Marekani tofauti yake ni damu kidogo tu sehemu mbili, wala sini nzima haikukatwa.

Mheshimiwa mwandishi, mtoto wangu wa miaka 12 aliikuta hii picha kwenye flashi ya kaka yake akaangalia yote. Sasa anasema Jack alifanya vizuri kumpiga yule mwonevu wa shuleni, na mimi sijui nimjibu nini kwa sababu hata mimi nilipoona nilifurahi.
*Baba, Mwanza*

Baba yangu, asante kwa kusema ukweli kwamba ulifurahi. Kwanza hii si picha ya mtoto wa miaka 12, hata Marekani ilipewa alama ya R, yaani si ya watoto, na mwanzo tu pale kwenye moteli kuna mtoto mdogo wa kike anapigwa risasi (hatuonyeshwi ikimpata, tunakatiwa moja kwa moja kwa Sarah anaamka anapiga kelele kitandani kwake na nyumba nzima wanakuja kumbembeleza kwamba hamna mazimwi). Hata mimi mtu mzima sini hiyo inanisumbua.

Lakini ameshaiona, basi ongeeni. Usimwambie tu kupigana ni kubaya, atakwambia mbona baba yake Jack kapewa sifa nchi nzima. Mkumbushe mara ya kwanza yule mwonevu alipomfuata Jack kule chumba cha kubadilishia nguo, Jack hakurusha ngumi hata moja, alimjibu kwa maneno tu mpaka jamaa akaishiwa cha kufanya. Yule Jack wa mwanzo alikuwa na akili sana! Halafu baba anakuwa shujaa wa tivii, na mara ya pili Jack anampiga mwenzake mpaka anapelekwa hospitali. Akirudi nyumbani baba anamkaripia kwamba kwenye familia hii hatumalizi mambo kwa kupiga watu, kijana anamjibu kwamba kweli, sisi tunawapiga risasi, na baba papo hapo anamzaba kibao. Muulize mwanao hapo tu, muulize Jack kajifunzia wapi, halafu nyamaza umsikilize. Na kama ana nguvu ya kuendelea muulize kuhusu ile siku Jack anampiga Fogarty risasi kumwokoa baba yake, baba uso umejaa damu anamfuata kijana wake amkumbatie, uso wa yule kijana ukoje pale. Mimi kila nikiangalia naona mtoto anaogopa mikono iliyomkumbatia.

Kwani hii ndo ile wanasema imetoka kwenye komiki? Na jamaa walipata Oscar?
*Msomaji, Nakuru*

Ndio, komiki ya 1997 ya John Wagner na Vince Locke, ila mambo mengi yamebadilishwa, kwa mfano Richie kwenye picha ni kaka yake Joey na kwenye komiki ni rafiki yake tu. Oscar hawakupata, walitajwa mara mbili, Josh Olson kwa mswada na William Hurt kwa huyo Richie, na Hurt yupo kwenye picha dakika zisizofika kumi. Ukishamaliza hii tafuta Eastern Promises ya 2007, direkta yule yule na Viggo yule yule, na nayo ni ya mtu mwenye siri, sisemi zaidi.

Kaka, naomba usiandike jina langu. Baba yetu alifariki miaka mitatu iliyopita. Siku ya tatu ya matanga wakaja wazee wawili na mama mmoja tusiowajua, wakawa wanamlilia kwa jina ambalo hatujawahi kulisikia. Hakuwa muuaji, alikuwa na mji mwingine tu na watu wengine kabla yetu, na jina lingine. Wadogo zangu waliangalia hii picha wakaona ni ya ngumi, mimi nililia. Naomba uniambie, Tom alikuwa anawapenda au alikuwa amejificha kwao? Na je, nimwonyeshe mama?
*Binti, Arusha*

Pole sana dada yangu. Barua yako nimeisoma mara nyingi kabla ya kuijibu.

Najua ulilia wapi, ni hospitali. Edie ametoka kutapika, mume yuko kitandani amekubali kwamba ndio, mimi ni Joey, na wewe ungedhani mke atauliza umeua watu wangapi. Anauliza jina. Manake Stall ni jina lake na yeye, ni jina la Jack, ni jina la Sarah, sasa anataka kujua limetoka wapi, ulilitunga? Na Tom anamjibu kwamba lilikuwepo tu, lilikuwa wazi. Hakuna damu pale, hakuna bunduki, na naamini kwa watu kama nyie ndo sini yenye ukatili kuliko zote. Wanaume wengi nilioangalia nao wanapitiliza hapo wanasubiri Philadelphia.

Swali lako. Tom anasema alikwenda jangwani akamuua Joey, akachukua miaka mitatu kujifunza kuwa Tom, na kwamba hakuwa amezaliwa upya mpaka alipokutana na Edie. Kuna watu wanaona hapo anaongopa kama alivyoongopa kote, na wana ushahidi, ile mikono pale mgahawani haikusahau chochote. Mimi namwamini. Mtu hafungui mgahawa kila asubuhi miaka na miaka, hamkumbatii mtoto usiku wa ndoto mbaya, kwa ajili ya kujificha tu, kujificha hakuhitaji yote hayo. Ila kumpenda kwake hakumfanyi asiwe amewaongopea, na Edie anabeba vyote viwili pale mezani na ndo maana hasemi kitu. Nadhani na wewe huna haja ya kuchagua kimoja. Yule aliyekulea alikuwa baba yako, na wale wazee walikuwa na haki ya kumlilia kwa jina walilompa.

Kuhusu mama, usimshtukize. Muulize kwanza taratibu siku mkiwa wawili jikoni kama ile siku ya matanga yale aliyosikia yalikuwa mapya kwake, manake inawezekana alijua siku zote na amewabebea nyie. Akikwambia hataki kuongea, achana na picha kabisa. Akitaka kuiona, ruka moteli ya mwanzo na ruka ngazi, usimwekee iliyotafsiriwa, na pale mwisho binti akiinuka kwenda kuchukua sahani usimwelezee chochote, kaa tu karibu yake.