Barua kwa mwanangu: kuhusu yule mlinzi wako na mzee Milton

Mwanangu,

Voisi yako ya juzi nimeisikiliza mara tatu. Unasema mwaka wa sita huu kwenye muvi ni mlinzi wa geti, dereva, sasa tena mlinzi, sini mbili, na kwenye skripti hana hata jina, halafu ukaniuliza, "Mama, mtu anaweza kuwa mwigizaji kweli bila kuwa staa, au najidanganya?" Nilitaka kukupigia nikajua nitalia, ndo maana naandika.

Kuna mzee wa Brazili anaitwa Milton Gonçalves. Mtu mweusi, kazaliwa 1933 Monte Santo de Minas, wakahamia São Paulo akiwa mtoto, akafanya kazi za mikono, hadi uchapaji, ndo baadaye akaingia Teatro de Arena, ukumbi mdogo jukwaa lipo katikati na watu wamekuzunguka pande zote, yaani huna pa kujificha. Mwaka 1958 hapo Arena wakacheza mchezo wa Eles não usam black-tie, wa Gianfrancesco Guarnieri, habari ya mgomo wa kiwandani, baba anauongoza, mtoto anauvunja maana mchumba wake ana mimba na anaogopa kukosa kazi. Enzi hizo wafanyakazi wanaoishi vibandani kuwa ndo wenye hadithi jukwaani halikuwa jambo la kawaida kabisa.

Sasa na yeye alipata yale yale unayoyalalamikia, tena mabaya zaidi, maana mwigizaji mweusi kwao kwenye TV alikuwa mtumwa, mtumishi au jambazi, basi. Alichofanya, alimwendea Janete Clair mwandishi wa tamthilia za TV akamwomba mhusika wa kuvaa suti na tai, mtu aliyesoma, na 1975 kwenye Pecado Capital akawa daktari wa magonjwa ya akili. Aliomba, mwanangu! Wewe umeshawahi kumfuata dairekta ukamwambia unataka nini? Sikulaumu, nauliza tu.

Usidhani hakuwahi kuwa mkuu. Filamu ya A Rainha Diaba ya 1974 yeye ndo kaibeba. Ila mimi anayenikaa moyoni ni Bráulio.

Hiyo Black-tie Leon Hirszman aliifanya filamu 1981, nchi bado iko chini ya wanajeshi na migomo ya viwandani São Paulo bado ya moto, na Guarnieri ambaye 1958 alicheza yule mtoto, safari hii kacheza baba. Milton ni Bráulio, rafiki wa huyo baba, mtu mtaratibu, wenzake wana pupa yeye anawaambia subirini tujipange kwanza. Anauawa kwa risasi kwenye mgomo. Halafu inakuja sini ambayo nimeirudia sijui mara ngapi, baba na mkewe Romana, Fernanda Montenegro huyo, wamekaa mezani usiku wanachambua maharage, hawaongei, punje moja moja, zile mbovu pembeni, machozi yanatoka. Sisi wote tumechambua maharage hivyo siku za msiba. Milton hayupo kwenye hiyo sini hata kidogo lakini usingelia kama yeye huko nyuma asingekuwa mtu kamili, kama Bráulio angekuwa "mfanyakazi wa pili" tu. Wale wawili wanalia juu ya kazi aliyoshaimaliza yeye. Hilo ndo jibu langu na sina lingine kubwa kuliko hilo.

Aliendelea hivyo hivyo. 1985 kwenye filamu ya Kiss of the Spider Woman ni polisi, 2003 kwenye Carandiru ni mzee Chico, mfungwa, filamu ya lile gereza la São Paulo walikouawa wafungwa 111 mwaka 1992, na mwaka huo wa Carandiru alikuwa anakaribia 70 bado anaigiza. Kafariki Rio Mei 2022, ana miaka 88.

Sisemi hela hazina maana, kodi najua inakubana, na wakikucheleweshea malipo tena nambie mapema.

Jumamosi njoo, uje na flashi nikuwekee ya maharage tuiangalie wote, nitapika. Na ukija uniambie huyo mlinzi wako anaitwa nani.

Mama