Mechi za zamani kutofunguka

Mdogo wangu, pole. Umesema mechi za gemu la League of Legends ulizoshusha mwezi uliopita hazifunguki, ukadhani kompyuta imeharibika. Haijaharibika. Lile faili unaloshusha, ambalo jina lake huishia na .rofl, si video. Ni kumbukumbu ya matukio, na gemu lenyewe ndilo linaloyacheza upya. Toleo jipya la gemu likitoka, kwa kawaida kila baada ya wiki 2 hivi, faili la toleo lililopita halisomeki tena.

Kwa hiyo usingoje. Mechi ikiisha, ishushe kutoka kwenye historia yako ya mechi, ifungue siku zile zile, kisha urekodi vipande vya maana viwe video. Kwenye Windows, ukiwa ndani ya gemu, bonyeza kitufe cha Windows, Alt na R kwa pamoja. Usirekodi mechi nzima, diski itajaa upesi.

Na ukitazama, anzia pale ulipouawa. Juzi baada ya isha, hapa mtaani Langoni, nilirudisha nyuma kifo kimoja mara nne. Ndipo nikaona kwenye ile ramani ndogo: adui alishatoweka muda mrefu kabla hajanitokea kichakani, na mimi sikuwa nimeweka wadi hata moja, yaani kile kifaa cha ndani ya gemu kinachokuonyesha sehemu ya ramani iliyofichika.