Binti wa miaka 20 amefungiwa kwao: habeas corpus inamfaa?

SWALI: Binti ya kaka yangu ana miaka 20. Tangu aseme anataka kuolewa na kijana wasiyemtaka kwao, babake amemnyang'anya simu na kumfungia nyumbani Kilifi. Chuo hajarudi. Nimesikia kuna ombi la habeas corpus, yaani la kuomba mahakama iamuru anayezuiliwa aletwe mbele yake, ila wengine wanasema hilo ni la walioshikwa na polisi. Naweza kulipeleka dhidi ya kaka yangu? Na mahakama itanikabidhi mtoto? (Shangazi, Mombasa)

JIBU: Dada yangu, la kwanza ndiyo, la pili hapana.

Kifungu cha 389 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya Kenya kinaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuamuru aachiliwe yeyote anayezuiliwa kinyume cha sheria, awe mikononi mwa serikali au mwa mtu binafsi. Basi chumba cha nyumbani kwa babake kimo. Katiba nayo, Kifungu cha 25, inaiweka amri hii ya habeas corpus miongoni mwa haki chache zisizowekewa mipaka. Kwa kuwa binti hawezi kufika mwenyewe, Kifungu cha 22 kinakuruhusu kuja kwa niaba yake, na ada ya kufungua kesi hailipwi.

Sasa hilo la kukabidhiwa. Angekuwa na miaka 15, jaji angetazama atalelewa vyema wapi. Aliyetimiza miaka 18 ni mtu mzima, na mtu mzima hakabidhiwi kwa yeyote. Ataulizwa: uko pale kwa hiari yako? Unataka kwenda wapi? Akijibu anarudi kwa babake, ombi lako limekwisha. Akijibu anakwenda kwa yule kijana, limekwisha vilevile, upende usipende.

Majaji nao huteleza hapa. Kule Kerala, India, baba alipeleka ombi hilihili kumhusu bintiye aliyesilimu na baadaye kuolewa. Mei 2017 Mahakama Kuu ya jimbo ilisema msichana wa miaka 24 ni dhaifu na rahisi kudanganywa, ikaibatilisha ndoa na kumrudisha kwa wazazi, polisi wakimlinda. Yaani ombi la kumfungua mtu likatumika kumfungia! Novemba 27 mwaka huohuo Mahakama ya Juu ya India ilimsikiliza mwenyewe, akasema anataka uhuru wake; ikamwachilia arudi chuoni Salem. Machi 8, 2018 ikaitengua hukumu ya Kerala: kwenye habeas corpus, mahakama haina kazi ya kuvunja ndoa ya watu wazima wawili. Uamuzi huo hauwabani majaji wa Kenya, lakini mwambie wakili wako autaje, maana maneno ya kifungu chetu cha 389 yanafanana mno na ya kifungu cha 491 cha sheria ya India ya 1898.

Kwenye hati ya kiapo, andika uliyoyaona: mara ya mwisho ulizungumza naye lini, yuko nyumba gani, nani ana ufunguo, ulipobisha hodi uliambiwa nini. Uliyoyasikia kwa mtu, mtaje aliyekuambia. Ugomvi wako na kaka yako kuhusu shamba au mahari uache nje kabisa. Mawakili wa upande wa pili hupenda sana kuugeuza ndio kesi.

Jiandae pia kusikia kwamba binti amerogwa au akili zimemruka. Babake akidai ni ugonjwa, mwombe jaji adai ripoti ya daktari.

Kubwa kuliko yote, omba kwa maandishi binti aletwe mbele ya jaji mwenyewe na azungumze naye faraghani, wazazi wakiwa nje, na wewe pia nje. Binti aliyefungiwa kwa wiki kadhaa, akisimamishwa mita mbili kutoka kwa babake, atasema lolote analotakiwa kusema. Kwa kuwa yuko Kilifi, Mahakama Kuu ya kaunti hiyo iko Malindi. Andika juu ya ombi kwamba ni la dharura.